Saladi Isiyosubiri Mgeni

Vyakula vingi vya pwani vimeumbwa na subira. Pilau ukishaipalia makaa juu ukaiacha, hata mgeni wa mwisho akipiga hodi alasiri ataikuta ina moyo mweupe. Rojo la biriani huzidi kukolea kadiri linavyokaa. Maharage ya nazi yaliyolala yana heshima kuliko yaliyopikwa asubuhi, na mahamri ya jana hupashwa, yakaliwa na chai, na hakuna anayenuna. Ni haki yawe hivyo. Sisi ni watu ambao ukituita chakula cha saa saba, saa saba ndipo tunapouliza maji ya kuoga yako wapi. Mpishi wa kwetu alilijua hilo tangu zamani akapika ipasavyo.

Sasa mchukue mpishi huyo umpeleke Liège.

Liège ni mji wa mashariki ya Ubelgiji, kando ya mto Meuse, na wenyewe wana saladi yao iliyobeba jina la mji: salade liégeoise. Ni mishiri, viazi, kitunguu, siki na vipande vya nyama ya nguruwe iliyokaushwa kwa moshi. Huliwa ya moto. Nilipoambiwa nilidhani nimesikia vibaya, maana Mombasa saladi ni kachumbari, na kachumbari ikionekana inatoa mvuke aliyeitengeneza huitwa kando akaulizwa kulikoni. Jirani yetu wa ghorofa ya chini, bibi mmoja wa Kiliège, mjane anayepanda ngazi bila kushika ukuta, ndiye aliyenionyesha kwamba ni kweli.

Viazi vilichemka kwenye sufuria yake, mishiri kwenye yake. Nyama aliikaanga taratibu mpaka ikaachia mafuta yote, kitunguu kikafuata, kisha siki akaimimina humo humo kwenye kikaangio cha moto. Ikatoka sauti ya ugomvi na mvuke uliokwenda moja kwa moja kooni mwangu. Kabla mvuke haujatulia, mafuta na siki vyote vilikuwa vishamwagiwa viazi na mishiri iliyochujwa muda ule ule, vikageuzwa kwa vijiko viwili, vikapakuliwa. “Kula,” akaniambia. Nikamwomba angoje nimwite mume wangu, yuko juu tu. Akanitazama kwa huruma, akaanza kula yeye.

Baadaye nilielewa kwamba hakuwa mkosefu wa adabu. Saladi ile ina sababu zake za haraka, na zote ni za kweli. Haina mayonezi wala mafuta ya zeituni. Mchuzi wake ni mafuta ya ile nyama, na mafuta ya mnyama yakipoa huganda. Ukiiacha mezani kidogo, sahani inavaa utando mweupe na ulimi nao unavaa wake. Kiazi cha moto hunywa siki na chumvi kwa hiari. Kikishapoa wanga wake hukaza, na chochote utakachokimwagia kitabaki nje. Mishiri ndiyo yenye haya kuliko wote. Kijani chake ni klorofili, na klorofili imeshika chembe ya magnesi katikati yake. Asidi ya siki ikiifikia, chembe ile hung’oka, na mishiri iliyoingia mezani ikimeremeta hugeuka rangi ya sare ya askari mstaafu. Ndiyo maana siki hutiwa mwisho kabisa, na ndiyo maana mtu aliyealikwa saladi hii huwa ameketi na uma mkononi kabla haijafika.

Kwa maneno mengine, ni chakula kilichotungwa na watu wanaofika kwa wakati, kwa ajili ya watu wanaofika kwa wakati. Nami nikaamua kukipikia Waswahili.

Shida ya kwanza ni nyama. Kwetu nguruwe hapiti mlangoni, si mbichi wala wa moshi. Bahati nzuri Ubelgiji si nchi ya kumnyima mtu halali yake. Baada ya vita kuu ya pili walihitaji watu wa kushuka kwenye migodi ya makaa ya mawe, wakapatana na Italia mwaka 1946. Mwaka 1964 wakatia saini mikataba kama hiyo na Morocco na Uturuki. Wanaume walikuja kuchimba makaa, wake zao wakawafuata, wajukuu wakafungua bucha. Bucha ninakonunua mimi ina ng’ombe wa moshi na bata mzinga wa moshi, vyote vimekatwa vijiti vidogo mfano wa ile ya nguruwe, ili sisi nasi tusipitwe na mapishi ya wenyeji.

Bata mzinga sikushauri. Ni mnyama asiyependa kuchangia. Ukimkaanga kikaangio kinabaki kikavu, anayetoa jasho ni wewe. Ng’ombe ana mafuta kiasi, lakini hayatoshi kulainisha bakuli zima la viazi. Wabelgiji wenyewe wangekwambia ongeza mafuta ya ng’ombe, kwa sababu ndiyo waliyokaangia chipsi zao tangu enzi, na dukani yanauzwa kwa vipande vilivyofungwa karatasi. Ila hujui ng’ombe wake alichinjwaje. Nikabaki na jibu moja, samli, na samli ya maana ilikuwa Mombasa kwa mama mkwe.

Mama mkwe alikuwa anakuja Aprili. Mume wangu, kwa kutaka kumfurahisha, alimsimulia kwenye simu kwamba tutapika chakula cha huku cha nyama ya moshi. Hakupaswa kutaja moshi. Mama aliposikia wanawe wananunua nyama ya moshi dukani, kwa pesa, aliona ni fedheha ya ukoo. Akanunua nyama, akaipasua vipande virefu, akaitundika juu ya jiko la kuni nyuma ya nyumba mpaka ikawa nyeusi na ngumu, akaifunga kwenye leso. Akaongeza kopo la samli. Akaongeza ng’onda, kwa sababu hajawahi kusafiri bila ng’onda.

Sheria ya Umoja wa Ulaya haimruhusu msafiri atokaye nje kuingia na nyama wala vitu vya maziwa, hata kama ni vya kula mwenyewe. Samaki wanaruhusiwa, mpaka kilo 20. Kwa hiyo pale uwanja wa ndege afisa wa forodha alitoa nyama akaiweka kando, akatoa samli akaiweka kando, kisha akafungua furushi la ng’onda. Mama anasema yule kijana alinyamaza kidogo. Halafu alilifunga mwenyewe, kwa adabu sana, akalirudisha ndani ya begi na kuvuta zipu mpaka mwisho.

“Wamechukua vyenye harufu nzuri,” Mama alitueleza ndani ya gari, “wakaniachia hili.”

Tulishusha vioo vya gari, baridi tusiijali.

Siku ya pili yake alitengeneza samli nyingine. Aliyeyusha siagi isiyo na chumvi, akaitazama ikichemka na kutoa povu, akatia hiliki, akaichuja kwa kitambaa, na akakiri kwamba siagi ya huku haina neno. Hilo likawa limekwisha. Nyama ya dukani aliionja kwa ncha ya jino. “Moshi wameupitisha mbali,” akasema, na hakuizungumza tena.

Mishiri nilienda naye kuinunua. Aprili bustani za Liège zina udongo mtupu bado, kwa hiyo mishiri ya dukani hutoka mbali, na pakiti niliyoishika ilikuwa imeandikwa Kenya. Mama aliigeuza huku na huku. Miti yote imekatwa ncha, imenyooka, imelingana urefu, imelala ndani ya plastiki bila hata mmoja kumkalia mwenzake. Nilimweleza kwamba huenda ni ya Mwea, kule Kirinyaga, wanakoilima kwa ajili ya Ulaya. Kwamba huchumwa ingali changa, hupozwa, hupandishwa ndege Nairobi. Na kwamba Liège kwenyewe kuna uwanja mkubwa wa ndege za mizigo unaopokea maua na mboga za Kenya. Kwamba mti uliopinda haupandi ndege.

“Hii nayo ilihojiwa ubalozini?” Mama akauliza.

Nikasema sidhani.

“Iliombwa taarifa ya benki?”

Aliyesimama kando yetu akichagua karoti alidhani tunagombana. Mama alikuwa amesubiri viza kwa majuma mengi, ameandika barua, ametoa alama za vidole, ametoa picha ambazo hakuruhusiwa kucheka, na hapa palikuwa na mboga kutoka nchi ile ile iliyofika ikiwa bado ina umande. Aliiweka kwenye kikapu kwa heshima kidogo, nadhani kwa kuiona imemzidi cheo.

Hapo tena tulitofautiana kuhusu kuichemsha. Mimi nilifundishwa na jirani: maji mengi yenye chumvi, yachemke kwa nguvu, mishiri iive lakini ibaki na mshiko. Kwa Mama, chochote cha jamii ya maharage kinachopiga kelele mdomoni hakijaiva, na asiyekiivisha ana haraka ya kwenda wapi? Nitamtetea hapa. Maharage mabichi yana lektini, sumu inayovuruga tumbo, na kuchemsha vizuri ndiko kunakoiondoa. Wanaotafuna mishiri mibichi kwa kuona ni afya wangemwuliza yeye kwanza. Tukakubaliana katikati, jambo ambalo kwa mama mkwe na mkaza mwana ni mkataba mkubwa kuliko ule wa 1964.

Viazi nilimwachia baba watoto. Jumapili asubuhi kuna soko la La Batte, linalofuata ukingo wa mto Meuse, refu mpaka unasahau ulikuja kutafuta nini: jibini, kuku wazima, soksi, vitunguu, viti vya mitumba. Nilimwandikia kwenye karatasi jina la kiazi: Charlotte. Hicho ni kiazi kigumu, chenye nyama ya manjano, ukikichemsha kinakaa umbo lake. Saladi inataka kiazi cha namna hiyo.

Alirudi amebeba gunia. Muuza viazi alikuwa ameanza kupunguza bei kwa sauti, na mume wangu ana udhaifu mmoja tu katika maisha yake: hawezi kuipita bei inayoshuka.

“Hivi ni Bintje,” nikamwambia.

“Charlotte, Bintje, wote wasichana,” akajibu.

Kwa hili la wasichana hakuwa amekosea kabisa. Bintje ilizalishwa na mwalimu mmoja wa shule wa Friesland, Uholanzi, Kornelis de Vries, ambaye kazi yake ya pembeni ilikuwa kuchanganya mbegu za viazi. Hii aliiita jina la mwanafunzi wake, na mwaka 1910 ikaingia sokoni. Wabelgiji wakaipenda kwa chipsi mpaka leo. Lakini ina wanga mwingi. Ukiichemsha, chembe zake huachana moja moja, na ukizidisha dakika chache unachochota si kiazi tena, ni uji. Wakenya wataielewa nikisema ni wa ukoo wa Shangi, kile kinachoiva kabla hujapata mahali pa kuweka kifuniko. Kwa chipsi, karibu. Kwa saladi ya moto inayogeuzwa kwa vijiko viwili, hapana.

Mume wangu aliuliza kama gunia linaweza kurudishwa. Soko lilikuwa linafungwa. Mama yake aliuliza kwa nini tusipike viazi karai tu, watu wakale wakashiba. Swali lile lilikuwa na busara nyingi, na hakuna aliyelijibu.

Wageni walikuwa wa namna tatu. Jirani yetu wa chini, ambaye kwa haki asingekosa. Rafiki wa mume wangu, mtu wa Bukavu, na mkewe na watoto, waliokaa Brussels karibu na Matonge, mtaa wenye maduka ya Wakongo uliochukua jina la mtaa wa Kinshasa. Na mtoto wa shemeji yangu, kijana aliyezaliwa huku huku, anayesoma chuo. Wote waliambiwa saa saba.

Saa saba kamili kengele ya mlango ililia. Jirani alikuwa amesimama na nywele zimechanwa, mkononi tati ya wali ya Verviers, mji wa jirani na Liège: wali uliopikwa kwa maziwa na mayai ukaokwa ndani ya unga. Mama aliipokea, akainusa, akasema ni mkate wa kumimina uliovalishwa koti. Hawana lugha moja wale wawili, lakini tangu hapo walikaa kochi moja wakazungumza, kila mtu kwa lugha yake, bila kuonekana kukosa kitu.

Watu wa Brussels nilikuwa nimewawekea mkakati. Kutoka kwao mpaka kwetu treni haizidi sana saa moja, na stesheni kubwa ya Liège, Guillemins, ile ya kioo na chuma aliyoichora Santiago Calatrava, si mbali na kwetu. Mpango wangu ulikuwa kutogusa moto mpaka niwe na uhakika wameshuka hapo. Nilipiga simu saa saba na robo.

“Tuko mu njia, mama!”

Anayewajua watu wetu anajua kwamba hiyo ni taarifa ya nia, si ya mahali. Nyuma ya sauti yake nilisikia mtu akiuliza soksi. Sikuwasha kitu. Jirani aliitazama saa ya ukutani, kisha mlango wa jikoni, kisha mikono yake. Nilimletea karanga.

Mwishowe ilikuja picha kwenye simu: watoto wanne wamepanga mstari chini ya lile paa jeupe la Guillemins, wanacheka. Picha mbichi, ya siku ile ile, nililinganisha makoti. Nikaweka viazi motoni, nikaweka mishiri, nikaanza kukaanga nyama kwa samli ya Mama, na kwa mara ya kwanza siku ile mambo yakaenda yanavyotakiwa.

Yalienda hivyo mpaka kwenye siki.

Wallonia, jimbo lenye mji wa Liège, sheria inataka tangu 2006 kila nyumba iwe na king’ora cha moshi. Ni sheria njema, imeokoa roho za watu. Waliotunga sheria hawakukataza mtu kupika chakula cha mji wao, lakini king’ora chetu kimefungwa kwenye dari ya kijia, hatua moja tu kutoka jikoni, na hakijui tofauti ya nyumba inayoungua na siki inayotua kwenye samli ya moto. Mvuke ulipanda, ukapita mlangoni, na kitu kile kikaanza kupiga kelele kwa namna ambayo mbwa wa jengo zima waliitika.

“Ni nini hicho?” Mama akapiga ukelele.

“Kinasema kuna moshi, Mama.”

“Si kinaona tunapika?”

Mume wangu alipanda kiti, akakipungia leso. Kikazidi. Akakipiga kwa mwiko. Kifuniko kikang’oka, betri ikatoka, ikagonga bega lake, ikadunda kwenye meza na kuangukia kwenye bakuli la kachumbari, ile ya kweli, aliyoitengeneza Mama kwa tahadhari. Kimya kikarudi. Jirani, ambaye hakuinuka kwenye kochi wakati wote huo, alisema kwake huwa anafungua dirisha kwanza.

Nilirudi jikoni nikakuta viazi vya Bintje vimeitumia nafasi. Vilipokuwa peke yao vile dakika chache vilikuwa vimeamua kuishi kwa umoja. Nilivichuja vilivyochujika, nikavitupia mishiri, nikamwaga samli na siki na nyama, na nilipovigeuza kwa vijiko viwili kila kitu kilifuata kijiko kwa pamoja. Kilichokuja mezani kilikuwa kilima cha rojo jeupe chenye mishiri imetokeza huku na huku.

Jirani alikitazama kwa makini. Ni mwanamke mwenye malezi. Alisema kinapendeza, na kwamba kwa bahati mbaya si cha Liège, hiki ni stoemp, viazi vya kupondwa na mboga, chakula cha Brussels. Mtu wa Liège akisema kitu ni cha Brussels, amekwisha kukizika. Mama, aliyekuwa akingoja nimtafsirie, hakungoja. Alisema hiki anakijua, ni mukimo, cha watu wa bara.

Basi chakula changu kikakosa kwao pande mbili za dunia kwa dakika moja.

Lakini kilikuwa cha moto, na tulikula sisi wanne tuliokuwapo, papo hapo, bila kungoja mtu. Na nitasema ukweli wake: kilikuwa kitamu. Siki ilikata mafuta, samli ilibeba harufu ya moshi mpaka puani, kitunguu kilikuwa kimelainika nusu, na mishiri ya mkataba ilikuwa na mshiko bila kelele. Mama aliongeza dania na pilipili kwenye sahani yake, akauliza tui liko wapi, akala yote. Jirani aliomba kijiko kingine. Kuna dakika tano hivi, au saba, ambazo saladi hii inashinda karibu kila kitu ninachojua kupika, na dakika hizo hazikopeshwi.

Watu wa Bukavu waliingia saa tisa na ushei, wamefurahi, wamebeba maua na juisi. Stesheni walikuwa wamefika kweli wakati wa picha. Ila pale Guillemins wanauza gofri za Liège, zile nene zenye vichembe vya sukari vilivyoungua, na mke wa rafiki yetu aliona si heshima kuingia nyumbani kwa watu na watoto wenye njaa.

“Tulikula kidogo mu njia,” akanieleza kwa unyenyekevu, “tusiwasumbue.”

Kila mtoto alikuwa na sukari mpaka masikioni. Nilipakua saladi iliyobaki kwa sababu mtu hupakua. Samli ilikuwa imeganda. Mombasa samli hushinda laini kwenye kopo mwaka mzima, na mimi nilikuwa nimesahau inavyotenda Aprili ya Liège dirisha likiwa wazi baada ya king’ora: ilikuwa imetengeneza barafu nyembamba juu ya kilima kizima. Mishiri chini yake imeshastaafu. Mgeni wetu, mtu mzima, baba wa watoto wanne, aligusa kwa uma, akasikia inavunjika.

“Hii saladi,” akauliza, “inakulikaka baridi?”

Mume wangu alianza kumweleza habari ya klorofili. Mama akainuka, akachukua bakuli kutoka mbele ya kila mtu, akaenda nalo jikoni akafunga mlango. Tulisikia mayai yakipigwa. Tulisikia mafuta. Dirisha alikuwa amelifungua kwanza. Kwa hilo alimsikiliza jirani, lugha au pasipo lugha.

Alitoka na sinia la katlesi. Rojo la Bintje, lililoshindwa kuwa saladi, lilikuwa tayari limepondwa, limeiva, lina chumvi, siki, nyama na kitunguu ndani yake. Alichofanya ni kuongeza pilipili na dania, kukata mishiri vipande vidogo, kufinyanga, kuchovya yai na kukaanga. Wageni walioshiba gofri walikula. Watoto walikula wakaficha nyingine mfukoni. Jirani alikula mbili, akatoa karatasi, akataka kuandika, na mambo yakakwama alipouliza vipimo, maana Mama alimwonyesha kiganja chake, nusu ya kiganja, na ncha za vidole vitatu, na jirani akayachora yote.

Waliondoka jioni. Nilikuwa naosha kikaangio kengele ilipolia tena. Alikuwa mtoto wa shemeji, shati limepigwa pasi, ua moja mkononi, saa yake inasoma saba kamili ya jioni. Kwa malezi yake ya Liège, aliyeambiwa saa saba huja namba saba ikifika, na alishangaa kukuta meza tupu. Ukimtoa jirani, ndiye mgeni pekee aliyefika bila kuchelewa hata dakika.

“Saladi iko wapi, bibi?” akamwuliza Mama.

Mama alimletea katlesi zilizobaki, zimepoa, hazikuharibika kitu. Kijana alikula amesimama. Alipokuwa anamalizia ya mwisho alikumbuka jambo, akaacha kutafuna, akauliza nyama hii ya moshi, kwani Wabelgiji saladi hii si huitia nguruwe?

“Angekuwamo,” Mama akasema, akimfuta makombo kifuani, “ungekuwa umekwisha kumla.”